UZITO WA NCHI ISIYOANGUKA: KUSADIKIKA NA WALENISI ZIKISOMWA KUTOKA GARISSA

Utangulizi

Liko swali ambalo wahakiki wa Kusadikika (1951) ya Shaaban Robert hulipita upesi, ingawa msomaji mchanga huliuliza kabla ya yote: nchi hiyo imeshikiliwa na nini? Jina kamili la kitabu laitaja kuwa nchi iliyo angani. Ina mfalme, mawaziri, baraza na jela, navyo vyote ni vitu vyenye uzito. Hata hivyo haianguki. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba swali hilo si la kitoto. Namna bunilizi inavyoushinda mvutano wa ardhi hudhihirisha msimamo wake kuhusu mamlaka, na jambo hili hubainika zaidi Kusadikika inapowekwa kando ya Walenisi (1995) ya Katama Mkangi.

Njia za kupaa

Fasihi ya Waswahili imejua kupaa tangu zamani. Tenzi za Miraji zina Buraki, ambaye hupaa kwa muujiza; masimulizi ya vijijini yana ungo wa mchawi, ambao huruka kwa siri ya usiku. Katika fasihi ya Ulaya, njia ya tatu, yaani mtambo, ilijitokeza mapema. Jonathan Swift, katika Gulliver's Travels (1726), alibuni kisiwa cha Laputa kinachoelea kwa nguvu ya sumaku kubwa. Watawala wake hukisimamisha juu ya mji ulioasi ili kuuzibia jua na mvua, na wakizidi kukasirika hutishia kuuponda. H. G. Wells, katika The First Men in the Moon (1901), alibuni kitu kiitwacho cavorite kinachozuia mvutano kama ukuta uzuiavyo mwanga. Jules Verne alimlaumu kwa kubuni kitu kisichokuwapo, ilhali yeye aliwarusha wasafiri wake kwa mzinga. Lawama hiyo inahusu fizikia tu. Swift alikuwa amekwisha kuonyesha kwamba swali zito zaidi ni nani anayeumiliki mtambo, na nani anayeishi chini yake.

Kusadikika: mtambo usioonekana

Shaaban Robert hakutumia njia yoyote kati ya hizo tatu. Hakuna muujiza unaoishikilia nchi yake, wala uchawi, wala sumaku. Jawabu limo katika jina lenyewe: nchi hii husimama kwa kusadikiwa. Lakini imani pekee haitoshi, na riwaya yaonyesha ni kitu gani kinachoilinda. Wajumbe sita wanatumwa pande nne za dunia, mbinguni na ardhini ili walete maarifa ya kuistawisha nchi. Wanaporudi wanatiwa jela. Karama naye anashtakiwa kwa sababu ya kufundisha sheria, na Majivuno ndiye anayemshtaki. Kila anayeleta habari za mahali pengine analeta uzito, na nchi inayoelea haiuvumilii uzito. Kwa hiyo yafaa kusemwa kwamba jela ndiyo mtambo wa Kusadikika. Utetezi wa Karama, ambao wahakiki wengine wameuona kuwa mrefu kupita kiasi, ni kazi ya kuurejesha uzito huo barazani, mjumbe mmoja baada ya mwingine, mpaka wafungwa wanapofunguliwa.

Walenisi: mtambo uliotekwa

Mkangi, ambaye mwenyewe alipata kuwekwa kizuizini katika miaka ya 1980, anauleta mtambo mbele ya macho. Dzombo anahukumiwa kufa kwa kurushwa angani ndani ya chombo. Hapa kupaa ni kunyongwa kwa namna nyingine. Lakini mhukumiwa anajifunza kukiendesha chombo hicho, na kile kilichokusudiwa kumwangamiza kinamfikisha Walenisi, jina ambalo likifumbuliwa ni ‘wale ni sisi’. Taswira hii haikuwa ngeni nchini Kenya: kuanzia 1967 hadi 1988 setilaiti zilirushwa kutoka jukwaa la baharini karibu na Ngomeni, kaskazini ya Malindi, mojawapo ikiitwa Uhuru, iliyorushwa tarehe 12 Desemba 1970. Udhaifu wa riwaya ni kwamba chombo kikishatua, mtambo unasahauliwa na nafasi yake inachukuliwa na mafundisho. Msomaji anaelezwa usawa kwa kirefu kuliko anavyoonyeshwa jinsi unavyodumishwa.

Usomaji kutoka Garissa

Kusadikika imezoeleka kusomwa kama kijembe kwa ukoloni wa Tanganyika. Usomaji huo ni sahihi lakini haukamiliki. Mwanafunzi anayeisoma Iftin, mtaa wa Garissa ambao jina lake kwa Kisomali lina maana ya mwanga, ana sababu ya kuisoma upya. Kaskazini Mashariki iliishi chini ya sheria za hali ya hatari tangu 1963 hadi 1991. Waraka wa Bunge Namba 10 wa 1965 ulielekeza rasilimali kwenye maeneo yenye ardhi nzuri na mvua, na kwa muda mrefu msafiri aendaye Nairobi kutoka kaskazini amesikika akisema kwamba anakwenda Kenya. Usemi huo ni uhakiki kamili: unaitaja nchi iliyo mahali pengine, inayoonekana kutoka chini, isiyogusa ardhi ya msemaji. Kwa msomaji huyo, mjumbe aliyetumwa ardhini si pambo la fantasia. Ndiye shahidi mkuu wa kesi.

Hitimisho

Imedaiwa mara nyingi kwamba Kiswahili hakina bunilizi ya kisayansi ya kutajwa. Dai hilo hutokana na kutafuta madini ya Wells mahali ambapo waandishi walishughulika na swali la Swift. Shaaban Robert aliuficha mtambo ili msomaji autambue katika jela. Mkangi aliufichua ili mfungwa autwae. Kazi iliyobaki kwa mwandishi wa kesho ni kuionyesha nchi hiyo ikitua, na kuwaonyesha wale waliokuwa chini wakiipokea au wakikataa kuipokea.