Visawe na Deni: Uhakiki wa Lugha ya Matangazo ya Mikopo ya Simu

Mwanafunzi wa Kenya hufunzwa mapema kwamba insha njema hairudii neno. Kanuni hiyo ina manufaa katika insha. Lakini imehamia katika matangazo ya programu za simu, ambapo anayeandika tangazo upya huona yatosha kubadili neno kwa kisawe chake. Tunadai kwamba katika matangazo ya mikopo mabadiliko hayo hugusa mapatano yenyewe.

Mathalani, mkopo na deni ni fedha zile zile. Hata hivyo mkopo hutazamwa kutoka upande wa kupata, na deni kutoka upande wa kulipa. Tangazo likisema "ongeza mkopo wako" huvutia. Likisema "ongeza deni lako" hutisha. Kadhalika riba na ada. Fuliza, huduma iliyoanzishwa Januari 2019, hutoza ada ya kila siku kulingana na kiasi kinachodaiwa. Kwa mlipaji, ada inayokua kwa siku hufanya kazi ya riba, ila haina uzito wa kimaadili ambao neno riba limebeba tangu zamani.

Majina ya huduma nayo hukwepa neno deni. M-Shwari, ya mwaka 2012, hutaja utulivu wa bahari. Okoa Jahazi hueleweka hata Nakuru, mbali na pwani, kwa kuwa kuokoa jahazi ni nahau. Tia mashua mahali pa jahazi, na nahau imekufa. Fuliza nayo ni kutenda jambo mfululizo bila kusita, si kukopa.

Katika Bonde la Ufa ya kati suala hili ni zito zaidi. Njoro, Molo na Subukia, wengi wamejifunza Kiswahili baada ya Kigikuyu au Kikalenjin. Kisawe adimu, kama vile karadha, huweza kumficha mkulima jambo analopaswa kulijua kabla ya kubonyeza kitufe.

Hata hivyo wasemaji wana hekima yao. Siku hizi mtu husema "nina Fuliza", akimaanisha kwamba anadaiwa. Kitenzi kimegeuka nomino, na deni lililoachwa nje ya jina limerudishwa na watumiaji. Basi yafaa mwandishi wa tangazo abadili vivumishi apendavyo, lakini maneno yanayotaja wajibu wa kulipa ayaache yalivyo, na ayarudie bila haya.