Faili ya .env: kanuni ni nzuri, lakini inatuacha katikati ya njia

Wale mnaandika programu mnajua The Twelve-Factor App, andiko ya watu wa Heroku ya mwaka 2011. Kanuni yake ya tatu inasema: adresi ya databezi, neno ya siri na funguo zingine zisikae ndani ya kodi. Zikae mu vigezo vya mazingira, vile mashini yenyewe inaipa programu wakati wa kuwaka.

Mimi ni mwagronomi, hiyo niliielewa mara moja. Mbegu ya mahindi ni ile ile, lakini udongo wa kando ya ziwa Moero si ule wa Lubumbashi. Programu njo mbegu, mashini ya kila mutu njo shamba. Kipimo chao pia iko nzuri: ukiweka kodi hadharani leo, siri yoyote itavuja?

Kwenye sikubali njo hapa. Andiko inaonya kama faili ya mipangilio inaweza kuingia mu kodi kwa makosa, lakini haisemi mutu mupya atapata wapi hivyo vigezo. Basi kila mutu anajitengenezea .env, anaificha kwa .gitignore, anasahau.

Sisi hapa Pweto tulikuwa na programu ndogo ya kufuata bei ya mahindi. Faili ya .env ilikuwa kwa mashini moja tu. Mwenye nayo akaenda Lubumbashi, mashini ikakufa, tukabaki na kodi yenye haiwake. Hata majina ya vigezo hakuna aliyeyajua. Tulipotengeneza ingine, mutu akaituma nzima mu grupu ya WhatsApp!

Si mambo ya watoto. Mwaka 2016 wezi walikuta ufunguo wa Uber ndani ya kodi yake ku GitHub, wakachukua habari za watu milioni 57.

Kwa hiyo naongeza: weka .env.example ndani ya mradi, majina yote, bila siri. Siri zenyewe zijulikane na watu wawili. Siri ikipita mu WhatsApp, kufuta ujumbe haitoshi, badilisha neno. Na programu ikikosa kigezo, ikatae kuwaka na itaje jina yake.

Jaribuni leo: mwenzako anaweza kuwasha mradi wako bila kukupigia simu?