Nyota Iliyolala Mbozi: Uhakiki wa Mahubiri Yetu juu ya Kimondo

Msafiri atokaye Mbeya kwenda Tunduma hupita Mlowo, mji wa soko la mahindi na kahawa. Ukiiacha barabara kuu na kuelekea kilima cha Marengi, utakuta kitu ambacho wahubiri wa nyanda hizi wamekitumia mara nyingi kuliko walivyokitafakari. Kimondo cha Mbozi kina urefu wa yapata mita 3, na uzito wake hukadiriwa kuwa tani 16, ingawa maandishi ya zamani yalitaja 12 na hata 25. Karibu sehemu 90 kwa mia ni chuma. Sehemu kubwa ya kilichosalia ni nikeli.

Nia yetu si kufundisha elimu ya miamba. Twataka kuhakiki yale yanayosemwa mimbarani juu ya jiwe hili, hasa majira ya Epifania na katika mikutano ya injili, kwa maana tumeyasikia kwa miaka mingi na wanafunzi wetu huyachukua kama yalivyo.

Hotuba ya kwanza husema: hii ni nyota iliyoanguka, nasi tuna nyota yetu kama Bethlehemu ilivyokuwa na yake. Hoja hii yapendeza masikioni, lakini haisimami. Kimondo si nyota. Ni kipande cha dunia ndogo iliyovunjika angani. Hata tukiliacha hilo, nyota ya Mathayo 2 haianguki. Hutangulia, kisha husimama juu ya mahali alipo mtoto, jambo ambalo hakuna nyota yoyote ya angani huweza kulifanya. Johannes Kepler, aliyesoma theolojia kabla ya kuwa mnajimu, alipiga hesabu ya kukutana kwa Mshtarii na Zohali mwaka 7 kabla ya Kristo, na tangu hapo wengi wamejaribu kuiokoa nyota hiyo kwa hesabu. Sisi twaona kwamba Mathayo anazungumza na msomaji anayemjua Balaamu katika Hesabu 24. Anayeitafuta nyota yake kwa darubini amekwisha kukiacha kitabu. Wayahudi wa mwaka 132 walilielewa jambo hili vizuri walipomwita kiongozi wao wa vita Bar Kokhba, yaani mwana wa nyota. Wala hakuna aliyemwuliza aliangukia wapi.

Hotuba ya pili ni ya vitisho. Hushika Ufunuo 8, ile nyota iitwayo Pakanga, na kulifanya jiwe la Mbozi kuwa rasharasha za hukumu. Wako waliofanya vivyo hivyo na ajali ya Chernobyl ya mwaka 1986, kwa kuwa jina la mji ule lafanana na jina la mmea mchungu. Kwa Mbozi hoja ni dhaifu zaidi: hakuna shimo lililochimbwa na mshindo, wala maji yaliyogeuka uchungu, wala masimulizi ya watu waliouona moto ukishuka. Kwa sababu hiyo wataalamu husema kimondo kilianguka maelfu ya miaka iliyopita.

Hapo ndipo tungependa kukaa kidogo, kwani ukimya huo watufundisha zaidi ya kelele zetu. Tarehe 7 Novemba 1492 jiwe lilianguka Ensisheim, katika Alsace. Watu wakalimegamega, kisha likaingizwa kanisani na kufungwa kwa mnyororo. Mfalme Maximilian akalitangaza kuwa ishara njema kwa vita vyake, naye Sebastian Brant akalitungia mashairi. Jiwe moja, na mara likapata siasa, kanisa na mchapishaji. Wanyiha walikuwa wahunzi, wakiyeyusha chuma katika tanuu zao wenyewe, na karibu nao lilikuwapo bonge la chuma kupita yote waliyopata kuyeyusha. Bonge hilo halikuisha. Mikato inayoonekana katika ncha yake ni ya wapenda kumbukumbu na wachunguzi. Sampuli iliyopelekwa London mwaka 1930 ilikatwa kwa msumeno wa mkono kwa saa nyingi. Je, wahunzi waliliacha kwa hofu, kwa heshima, au kwa kuwa lilishinda vyombo vyao? Mhubiri anayejibu haraka, akisema "waliliabudu", anawashuhudia wenzake uongo.

Hotuba ya tatu ni ya kisasa na yaelekea kuwa na adabu zaidi: kimondo "kiligunduliwa" mwaka 1930 na mpima ardhi W. H. Nott. Neno hili tunalikataa. Wamoravian walikuwa na kituo Mbozi tangu 1899, na wenyeji walikuwapo kabla yao. Nott aliwaarifu walimwengu, hakugundua. Mwalimu wa kanisa anayelikariri neno hilo mbele ya wazee wa Kinyiha huwaambia, pasipo kukusudia, kwamba macho yao hayakuhesabiwa.

Serikali ililihifadhi jiwe hili kama mnara wa taifa mwaka 1967, na udongo uliolizunguka ukachimbwa, likabaki juu ya nguzo iliyoimarishwa kwa saruji. Sasa liko chini ya Mamlaka ya Hifadhi ya Ngorongoro, na wageni huja, hasa tarehe 30 Juni, siku ya kimataifa ya vimondo. Hatuna ugomvi na utalii. Ila kadiri wageni wanavyoongezeka, ndivyo hadithi za kubuni zinavyopata soko, na mimbara isiwe duka lao.

Andiko tunalolipendekeza ni Matendo 19:35, ambalo wahubiri wetu hulipita. Karani wa Efeso anajivunia kitu kilichoanguka kutoka juu, na mji mzima wapiga kelele kwa saa mbili kwa sababu biashara ya mafundi wa fedha imeguswa. Luka halicheki jiwe lile, wala hasemi limetoka wapi, anautazama mkutano. Mwanafunzi atakayetaka kuandika tasnifu juu ya jambo hili aanze hapo, kisha aende Mbozi na daftari, awaulize wazee jina walilolitumia kwa Kinyiha kabla neno "kimondo" halijafika kwa njia ya Kiswahili.