Majina ya Nyumba za Gedi

Gedi ni mji wa mawe uliohamwa mapema katika karne ya 17, nao umo msituni karibu na Watamu, kusini ya Malindi. James Kirkman aliuchimbua tangu 1948 hata 1958, na kitabu chake cha kwanza juu ya mji huo kilitoka mwaka 1954. Kazi yake inastahili shukrani. Alifyeka msitu, akapima kuta, akachora ramani, na kwa vigae vya vyombo vya Kichina akakadiria umri wa majengo. Hata hivyo, shukrani hazituzuii kuyapima maneno yake.

Kosa la kwanza li katika anwani ya kitabu, inayouita Gedi mji wa Kiarabu. Utafiti uliofuata umeonyesha kwamba miji hii ni ya wenyeji wa pwani, yaani Waswahili, waliofanya biashara na watu wa ng'ambo na kushirikiana nao dini. Kosa hilo limekwisha kusahihishwa.

La pili lingalipo. Nyumba zilipewa majina ya Kiingereza kwa kitu kilichookotwa ndani yake: Nyumba ya Mkasi, Nyumba ya Simbi, Nyumba ya Kisanduku cha Pembe. Majina haya yatuambia mchimbaji alipata nini. Hayatuambii mwenye nyumba alimpokea wapi mgeni, wala alilala wapi. Lakini maneno ya nyumba za mawe tunayo. Huko Lamu pana daka, tekani, kiwanda, sabule, msana wa tini na msana wa yuu, ndani, choo na zidaka. Mtungaji wa Al-Inkishafi, alipoyatazama magofu ya Pate, hakukosa maneno ya kuzitaja sehemu za nyumba zile.

Huenda msomaji akapinga kwamba nyumba za Lamu zilizosalia ni za karne ya 18, na Gedi ni ya kale zaidi. Basi si haki kuvika jina la huku jengo la kule. Hoja hii ina nguvu. Msana hauwi msana kwa kufanana kwa kuta tu. Kwa hiyo neno la Lamu na liandikwe kando ya jina la mchimbaji kama swali la kuchunguzwa, lisiandikwe kama jibu.

Liko jina moja lisilo na lawama, nalo ni Kaburi lenye Tarehe. Hapo mchimbaji alifuata maandishi ya wenyeji wenyewe, waliochora mwaka 802 wa Hijra, yaani 1399.

Mwaka 2024 Gedi iliingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia. Mawe yake, basi, yana walinzi. Maneno ya nyumba za mawe yamo vinywani mwa waashi na wazee wa Lamu, Siu na Pate, nayo hayana ukuta wa kuyazuia yasipotee. Hayo ndiyo magofu yatupasayo sisi kuyachimbua, na wakati wake ni sasa.