Fanani, Hadhira na Ukimya: Usimulizi katika Filamu za Amil Shivji

Tangu Shoeshine (2013) hadi Vuta N'Kuvute (2021), filamu za Amil Shivji zimejadiliwa zaidi kwa misingi ya siasa: tabaka, jiji na ukoloni. Mjadala huo una haki yake, lakini unaacha pembeni swali linalowahusu moja kwa moja wanafasihi wa Kiswahili: nani anasimulia, na nani anasikiliza? Makala haya yanadai kuwa Shivji ameipunguza sauti ya msimulizi, na kwamba hatua hiyo ina faida na ina gharama.

Katika T-Junction (2017), Fatima, aliyefiwa na baba mwenye asili ya Kihindi, anakutana hospitalini na Maria, anayemsimulia kwa vipande habari za watu wa njia panda. Huu ni utambaji kamili. Fanani anaikata hadithi. Hadhira inarudi kuifuata. Aidha, hadhira haibaki ilivyokuwa: Fatima, ambaye msiba wa nyumbani haukumtoa machozi, anaifahamu huzuni kupitia misiba ya watu asiowajua. Udhaifu hujitokeza pale tu picha inaporudia yale ambayo sauti ya Maria imekwisha kuyatimiza.

Wahenga (2018), filamu ya hali halisi aliyoiongoza pamoja na Rebecca Corey, inahusu muziki wa zilipendwa. Hapa kumbukumbu inabebwa na muziki sambamba na maneno, na njia ya kuelekea kazi iliyofuata inaanza kuonekana.

Riwaya ya Adam Shafi, Vuta N'Kuvute (1999), ina msimulizi maizi anayeingia moyoni mwa Yasmin, binti wa Kihindi aliyeozwa mume mzee, na kumfuata Denge katika harakati za kuupinga utawala wa Mwingereza Zanzibar. Filamu haina sauti hiyo. Kazi yake imegawiwa picha, ukimya na taarabu. Hata uhusika wa Mwajuma umepewa Siti Amina, ambaye mwenyewe ni mwimbaji. Faida ni kwamba Yasmin haelezwi tena na mtu mwingine: mtazamaji analazimika kumsoma usoni. Gharama inamwangukia Denge. Katika riwaya, siasa hujengwa kwa mazungumzo, mabishano na kejeli. Katika filamu tunaona waziwazi kuwa anaandamwa, lakini hoja zake zinatufikia kwa uhafifu.

Uhakiki wa uhawilishaji mara nyingi huhesabu matukio yaliyoachwa. Kigezo hicho hakitoshi. Linalofaa kuulizwa ni kazi gani msimulizi aliifanya, na nani amerithishwa kazi hiyo. Swali hili lina uzito wa pekee nchini Tanzania, ambako watazamaji wa vibanda vya video walizoea filamu za kigeni zikisimuliwa kwa Kiswahili na mafundi kama Lufufu. Kwa hadhira hiyo, sauti ya msimulizi si mkongojo wa filamu dhaifu. Ni sehemu ya utamu wake. Ukimya unaopokewa vyema katika tamasha kama la Toronto, ilikoonyeshwa Vuta N'Kuvute mwaka 2021, hauna budi kupimwa pia kwa masikio hayo.

Shivji anao uwezo wa kuziunganisha njia hizi mbili. Maria wa T-Junction ni ushahidi kwamba fanani anaweza kukaa ndani ya filamu bila kuigeuza kuwa hotuba. Denge alistahili nafasi kama hiyo.