Paul Robeson: Kutoka Jukwaani hadi Kwenye Filamu

Mhakiki anayempima mwigizaji kwa sauti na umbo tu husahau kuuliza ni nani mwenye kauli ya mwisho juu ya kazi yake. Paul Robeson, Mmarekani Mweusi, aliigiza Othello jukwaani London mwaka 1930. Katika mji huo huo alijifunza Kiswahili, akiamini kwamba sanaa yake ingeipa Afrika heshima. Kwa imani hiyo akawa Bosambo katika filamu ya Zoltan Korda, *Sanders of the River* (1935). Jomo Kenyatta, aliyesomea Thogoto, si mbali na Uthiru, alipewa humo nafasi ndogo ya chifu. Filamu ilipotoka, ilimtukuza mtawala wa kikoloni, Robeson akaikana.

Jukwaani mwigizaji huikabili hadhira yake, na kosa la leo aweza kulisahihisha kesho. Katika filamu, wengine hukata na kuunganisha picha yeye akiwa hayupo, na uamuzi wao hudumu. Kwa hiyo haitoshi kuchambua fani na maudhui. Hatuna budi kuchunguza pia umilikaji wa vyombo vya sanaa. Mwaka 1943 Robeson alikuwa Othello tena, jukwaani New York.