Kanisa la Kirungu: mafundi wako wapi?

Bandugu, kila historia ya kanisa kubwa la Kirungu, kule Moba, inaanza na Askofu Roelens na inaishia kwake. Sawa, misioni ya Baudouinville ilianzishwa 1893. Lakini yeye peke yake alichoma matofali? Misioni za Mapadri Weupe zilijaa watoto waliokombolewa utumwani, na hao ndio waliofanya kazi. Majina yao hatuyasomi. Stefano Kaoze tunamkumbuka, juu alipewa upadri palepale 1917. Vizuri. Ila mapadri waliandika barua na kumbukumbu, mafundi hawakuandika. Na sisi wa Uvira wenye lisansi tunakopi tu hizo barua. Wazee wa Moba, kwenye ziwa letu hilihili, nani ameenda kuwauliza?